Muhula wa Mdeni: Hukumu ya Korti na Hukumu ya Sharia

 Somo hili lahusu mtu aliyekopa fedha za benki, akashindwa kulipa kwa wakati wake, akashitakiwa, kisha hakimu akamwamuru alipe deni lile kwa mafungu, kila mwezi kiasi kadha. Watu wa namna hii ni wengi leo, Mombasa na Malindi na Lamu. Mmoja huitia ile karatasi ya korti sandukuni akalala usingizi, kwani amepewa muhula. Wa pili hulipa fungu lake dogo kila mwezi bila ya kukosa, ilhali mfukoni ana uwezo wa kulipa mara nne yake. Na wa tatu, maskini wa kweli, huwanyima wanawe chakula ili alipe fungu alilolikubali kwa khofu mbele ya hakimu, nalo hakuliweza tangu siku ile. Wa pili na wa tatu mbele ya korti ni sawasawa, madhali fungu limefika. Mbele ya Sharia si sawa hata kidogo, na hiyo ndiyo khabari ya somo hili.

Asili ya jambo ni mambo mawili ambayo hayatengani. La kwanza limo katika Suratul Baqara, aya ya 280: Mwenyezi Mungu ameamuru kwamba mdeni akiwa katika dhiki angojewe mpaka apate wasaa, na akabainisha kwamba kumsamehe kabisa ni kheri zaidi kwa mwia. La pili ni hadithi sahihi iliyopokewa na Bukhari na Muslim, ambayo maana yake ni kwamba tajiri akiakhirisha kulipa deni lake huwa amedhulumu. Basi kungojewa si haki ya kila mdeni. Ni haki ya mwenye dhiki. Na kudai kwa ukali si haki ya kila mwia. Ni haki ya mwenye kumdai aliye na uwezo akakataa. Watu wengi hushika nusu moja ya maneno haya ile iliyo upande wao: mdeni huisoma aya, na mwia huisoma hadithi.

Ama kulipa kwa mafungu kwenyewe si jambo geni katika dini, wala halikuletwa na makorti ya Kizungu. Katika vitabu vya fikihi fungu huitwa najmu, na wingi wake nujumu, yaani nyota, kwa kuwa Waarabu wa zamani walikuwa wakiwekeana nyakati za malipo kwa kuchomoza kwa nyota. Bibi Barira, aliyekuwa mtumwa, aliandikiana na mabwana zake kujikomboa kwa wakia tisa, kila mwaka wakia moja, kisha akaja kwa Bibi Aisha kutaka msaada; na khabari hiyo imo katika Sahihi Bukhari. Kila fungu lilikuwa na wakati wake ujulikanao na kiasi chake kijulikanacho.

Kuna na khabari ya Kaabu bin Malik, ambayo mdeni na mwia wote wawili yawapasa waifahamu vizuri. Kaabu alimdai mtu deni lake ndani ya msikiti wa Mtume, sauti zao zikapanda hata Mtume s.a.w. akazisikia naye yumo nyumbani kwake. Akatoka, akafunua pazia la chumba, akamwita Kaabu na kumwashiria kwa mkono kwamba apunguze nusu ya deni. Kaabu akakubali papo hapo. Kisha Mtume akamgeukia yule mdeni akamwamuru asimame alipe. Watu huisimulia khabari hii wakaishia penye nusu iliyosamehewa. Lakini nusu ya pili ya khabari ndiyo inayomhusu mdeni: huruma ya mwia ilipokwisha kutolewa, malipo yalitakiwa wakati ule ule. Mtume hakumwambia mdeni aende zake mpaka atakapojisikia.

Na aliyeshindwa kabisa naye ana khabari yake. Zama za Mtume mtu mmoja alinunua matunda yakampata maafa, deni likamzidi. Mtume akawaamuru watu wamtolee sadaka. Wakatoa, isifikie kiasi cha deni. Ndipo akawaambia wenye kumdai wachukue walichokikuta, wala hawana zaidi ya hicho. Wanavyuoni wamefahamu kuwa maana yake ni kwamba hawana zaidi kwa wakati ule, kwani deni lililobaki halifutiki mpaka lilipwe au lisamehewe.

Sasa iangaliwe madhehebu ya Imamu Shafi, ambayo ndiyo ya watu wa pwani hii. Katika Minhaji ya Imamu Nawawi, kitabu kilichosomeshwa misikitini kwa karne nyingi, mlango wa kufilisika umepanga mambo kwa taratibu. Mdeni ambaye madeni yake yamezidi mali yake, na wadai wakataka, kadhi humzuilia mali yake, akaiuza, akawagawia wadai kila mmoja kwa kadiri ya anachodai. Huachiwa nguo zinazomfaa mtu kama yeye: kanzu, suruali, kilemba na viatu, na huachiwa chakula cha siku ile ya mgawo, chake na cha wale ambao kuwalisha ni juu yake. Hata nyumba yake huuzwa, kwa kauli iliyo sahihi zaidi katika madhehebu. Yule asemaye kwamba Sharia ni laini kwa mdeni kuliko sheria ya serikali na ausome mlango huo kwanza.

Na katika mlango huo huo mna mas-ala yafaayo kuandikwa kwa wino mzito. Mtu akidai kwamba yu katika dhiki, je, neno lake litasadikiwa? Jawabu: litazamwe deni limetokana na nini. Likiwa limetokana na muamala wa mali, kama kununua au kukopa, haliaminiwi neno lake tupu. Ni juu yake kuleta mashahidi, kwani mali ilikwisha kuingia mkononi mwake, na asili ni kwamba ingaliko. Na shahidi wa dhiki hatoshi kuwa jirani tu aliyemwona amevaa kanzu iliyochakaa. Sharti awe mtu aijuaye siri ya maisha yake. Mgeni asiye na shahidi, kadhi humwekea mtu wa kumchungua hali yake mpaka ukweli udhihiri. Dhiki ikithubutu, haijuzu kumfunga wala kumwandama, bali hungojewa. Mkopo wa benki umo katika fungu hilo la kwanza bila ya shaka yoyote. Aliyepokea fedha ni juu yake kuonyesha zilikokwenda.

Hapa yapasa kusimama kidogo, kwani vitabu vya zamani viliandikwa katika zama za mfanya biashara mwenye duka, mkulima mwenye shamba, na muflisi asiye na kitu. Mdeni wa leo aghalabu ni mtu wa mshahara: karani, mwalimu, baharia, mfanyakazi wa bandarini. Mtu huyu ukimwuliza tarehe 20 ya mwezi ni maskini. Ukimwuliza siku ya mshahara anazo. Basi yeye ni tajiri au ni mwenye dhiki? Ukweli ni kwamba yeye ni vyote viwili: kwa jumla ya deni ni mwenye dhiki, na kwa fungu moja la kila mwezi ni mwenye uwezo. Na kila hali ina hukumu yake. Kilichozidi baada ya chakula chake, na cha mkewe na wanawe, na kodi ya nyumba, na nauli ya kazini, na dawa, hicho amekwisha kukiweza, na kukizuia ni ile dhuluma iliyotajwa katika hadithi. Kilichobaki katika deni ni cha kungojewa kwa amri ya aya. Fungu la haki, basi, ni lile linalokata baina ya mawili hayo. Likipungua hapo, mdeni amemdhulumu mwia. Likizidi, mwia amemdhulumu mdeni na watoto wake.

Madhehebu ya Shafi hayamlazimishi muflisi kutafuta kazi ili alipe baki ya deni lake, ila deni lile likiwa limetokana na maasi. Imepokewa kwa Imamu Ahmad kwamba mwenye ufundi hulazimishwa kufanya kazi. Lakini khitilafu hiyo haimfai mtu ambaye kazi anayo tayari na mshahara huupokea. Kwake hakuna swali la kulazimishwa kazi, liko swali la mshahara uende wapi.

Yakisha kufahamika hayo, na itazamwe sheria ya Kenya. Kadhi hana mamlaka katika deni la benki. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 170, imempa Kadhi mambo ya hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi baina ya Waislamu, basi. Deni huenda kwa hakimu wa serikali, na yeye huhukumu kwa sheria za kesi za madai ambazo asili yake ni sheria ya Hindi ya mwaka 1908. Katika Kanuni za mwaka 2010, Amri ya 21, kanuni ya 12, hakimu amepewa uwezo wa kuakhirisha malipo au kuyagawa mafungu, pamoja na faida au bila ya faida, akiona sababu ya kutosha. Aweza kufanya hivyo siku ile ya kutoa hukumu; na aweza hata baada yake, mdeni akiomba na mwia akiridhika, au mwia asiporidhika ikiwa sababu ya kutosha imeonyeshwa.

Sababu ya kutosha ni ipi? Kesi moja ya mwaka 1959, ambayo mahakimu wa Afrika ya Mashariki huitaja mpaka leo, iliweka njia. Haitoshi mdeni kusema kwamba hawezi kulipa zote mara moja. Yampasa aonyeshe nia safi, kwa kutoa upesi sehemu ya maana ya deni. Dhiki yake huangaliwa, lakini pamoja nayo huangaliwa kama mwia hatadhurika kupita kiasi. Na kila kesi hutazamwa peke yake. Msomaji aliyeyashika maneno ya juu ataona jinsi haya yanavyokaribiana na mlango wa Minhaji: mdeni ndiye aletaye ushahidi wa dhiki yake, wala neno lake tupu halitoshi. Na ile sehemu ya maana inayotangulizwa, inafanana na ile amri ya Mtume kwa mdeni wa Kaabu kwamba asimame alipe.

Ombi la mafungu hufanywa kwa hati ya kiapo. Hapa ndipo wengi wanapoangamia, nao hawajui. Huandika mshahara wakaacha kodi ya chumba wanachopangisha. Huandika watoto sita ilhali wawili wanajitegemea. Huficha ng'ombe waliopo kwa ndugu bara, na kiwanja kilichoandikwa kwa jina la mke. Kisha hushika Msahafu wakaapa. Deni lilikuwa ni haki ya kiumbe, nayo yaweza kusamehewa na kiumbe. Kiapo cha uwongo cha kula mali ya mtu kimehesabiwa na Mtume s.a.w. katika madhambi makubwa, nacho hakiondoki kwa kulipa fungu la mwezi. Mtu aliyejipatia muhula kwa kiapo hicho hakupata muhula. Mbele ya Mwenyezi Mungu deni lake lote limewiva siku ile ile, na kila siku apitishayo ni dhuluma mpya, ijapokuwa risiti zake zote zimepangwa vizuri.

Basi na aangalie mdeni hesabu kabla ya kutia sahihi, kwani fungu dogo si huruma kila mara. Mfano wake ni mtu aliyehukumiwa shilingi 600,000, pamoja na faida ya asilimia 12 kwa mwaka. Faida yake kwa mwaka ni shilingi 72,000, yaani 6,000 kila mwezi. Naye amemwomba hakimu alipe 5,000 kwa mwezi, akapewa, akatoka nje ya korti akishukuru. Fungu lake halifikii hata ile faida. Kila mwezi deni lapanda kwa shilingi 1,000 naye huku analipa. Baada ya miaka mitano atakuwa amelipa 300,000, na deni litakuwa 660,000. Lau angaliuza pikipiki na pambo la nyumba akatanguliza 100,000, akamwomba hakimu aikate faida kama kanuni inavyomruhusu, akalipa 25,000 kila mwezi, angalimaliza kwa miezi 20. Aliyeomba fungu dogo alidhani amepewa nafuu. Kumbe amejifunga maisha.

Na mafungu haya kwa desturi hufungwa na sharti: likikosekana moja, deni lote lililobaki hudaiwa mara moja, na dalali hutumwa. Kwa hiyo fungu kubwa mno nalo ni mtego. Mtu asikubali kwa haya au kwa khofu ya wakili wa benki kiasi ambacho atakiweza miezi mitatu tu. Aende na karatasi ya mshahara wake, na hesabu ya matumizi yake, aseme kweli: hiki chakula, hii kodi, hii karo, hiki kilichobaki. Lakini asitie katika hesabu hiyo michango ya harusi na zawadi za sikukuu. Kukopa harusi, kulipa matanga, wamesema wazee, na hakuna hakimu wala kadhi atakayemkatia mwia haki yake kwa ajili ya pilau.

Ama khabari ya riba, haiwezekani kuipita. Mkopo wa benki ya kawaida una riba ndani yake, na kuingia katika mkataba huo ni haramu. Hilo halihitaji maelezo katika karatasi hizi. Lakini wako wanaosema: "Madhali deni ni la riba, si lazima kulilipa." Maneno hayo ni batili. Aya ya 279 ya sura ile ile imempa mwia rasilmali yake, asidhulumu wala asidhulumiwe. Rasilmali ni deni la kweli juu ya shingo ya aliyekopa, na asiyeirudisha amekula mali ya watu. Ile ziada iliyo juu yake ndiyo iliyoharimishwa. Aliyetubu huiomba iondolewe kwa kila njia ya halali, kwa sulhu au kwa hakimu, na akilazimishwa kuitoa kwa nguvu ya hukumu, ametoa kwa kulazimishwa. Sheria ya Kenya yenyewe imeona ubaya wa riba isiyo na mwisho, ikaiwekea mpaka: kifungu cha 44A cha Sheria ya Mabenki, kilichoanza kutumika mwaka 2007, kimezuia benki isidai faida ipitayo ile rasilmali iliyokuwapo siku mkopo ulipoacha kulipwa. Ikiwa ilibaki rasilmali ya 400,000, faida haitapita 400,000 nyengine, mbali na gharama za kudai. Mdeni na aidai hesabu hiyo kabla ya kukiri deni, kwani wengi wamekiri kiasi kisichowapasa hata kwa sheria ya serikali. Lakini ajue pia kwamba mpaka huo haugusi faida inayoamriwa na korti baada ya hukumu. Na ndiyo sababu ile hesabu ya mfano hapo juu ina hatari.

Na aliyekopa kwa njia ya Kiislamu, kama aliyenunuliwa gari na benki kwa murabaha, asidhani kwamba kuakhirisha kwake ni kwepesi kwa kuwa hakuna riba. Baraza la fikihi la nchi za Kiislamu lililokutana Jeddah mwaka 1990 liliamua kwamba bei ya mafungu haiongezwi kwa kuchelewa, hata kama ongezeko lilikuwa sharti. Na katika azimio hilo hilo likajuzisha muuzaji kushurutisha kwamba mafungu yaliyobaki yatawiva yote mnunuzi akichelewa baadhi yake. Yaani mdeni amehifadhiwa na ziada, hakuhifadhiwa na wajibu.

Mas-ala ya nyumba iliyowekwa rehani ni mbali na haya, na watu huyachanganya. Amri ya mafungu huhusu hukumu ya fedha. Benki iliyo na rehani ya ardhi haihitaji kungoja hukumu ili kuuza: kwa Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 humpa mdeni ilani ya muda usiopungua miezi mitatu, kisha ilani nyengine ya kuuza ya siku 40, ndipo mnada. Mwenye nyumba aliyekaa akingoja kuitwa kortini ili aombe mafungu huenda asiitwe. Wakati wake wa kusema na mwia ni katika ile miezi mitatu, tena kwa maandishi.

Watu wa Unguja na Pemba waliyajua mashaka hayo kabla ya mabenki kuenea. Bei ya karafuu ilipoanguka miaka ya 1930, mashamba mengi yalikuwa yamekwisha kufungwa kwa madeni, na mengine kwa ile bei khiyari: mtu huuza shamba lake kwa sharti ya kulikomboa, akabaki ndani yake akilipa kodi kwa aliyelinunua. Kwa jina ilikuwa ni bei na kodi; kwa maana wengi waliifanya kuwa ni mkopo na riba. Serikali iliingia kati kwa sheria ya mwaka 1934 iliyosimamisha kwa muda utwaaji wa mashamba kwa madeni, kisha ikaja sheria ya mwaka 1938 ya kusuluhisha madeni hayo. Wenye mashamba walifurahia muhula, na wako walioutumia kujikwamua. Lakini muhula haukuwa shahawa la karafuu, haukuota wenyewe.

Ama jela ya madai, sheria ya Kenya ingali nayo, hata miezi sita, na mwia ndiye atoaye gharama ya chakula cha mfungwa. Lakini hakimu hamtii mtu humo kwa umaskini. Sharti aridhike kwamba mdeni ana uwezo akakataa, au ameficha mali, au ataka kukimbia. Na atokapo, deni liko pale pale. Nguo za mwilini, vyombo vya kupikia, matandiko na vyombo vya kazi ya fundi havikamatwi. Kilemba na kanzu vya Minhaji vimepata ndugu zao.

Haki ya mwia nayo isisahauliwe, kwani si kila mwia ni benki. Wako wanaodaiwa na vyama vya akiba, ambavyo fedha zake ni za wajane na wavuvi. Na wako wadhamini waliotia sahihi kwa ajili ya urafiki. Mdhamini katika madhehebu hudaiwa kama anavyodaiwa mwenye deni, na mwia ana khiari ya kumshika yeyote katika wawili. Muhula aliopewa mdeni kwa dhiki yake haumkomboi mdhamini aliye na uwezo. Basi mtu akiomba mafungu na amwambie mdhamini wake siku ile ile, asije akaisikia khabari kwa dalali. Na mdhamini akilipa kwa idhini ya mdeni, deni limehama tu: sasa anadaiwa na rafiki yake, na huyo hana wakili wala faida, ana haya tu.

Matajiri wa mji wana neno lao katika jambo hili, nalo ni Suratut Tawba, aya ya 60. Wenye madeni ni mmoja katika mafungu manane ya zaka. Mtu aliyekopa kwa haja ya halali akashindwa, zaka yamjuzia kwa kiasi cha deni lake. Lakini zaka za Ramadhani hugawanywa mlangoni shilingi mia mia kwa safu ndefu ya watu, isibaki athari yake hata Mfungo Mosi. Wazee watatu wa mtaa wakikaa na hati ya hukumu, wakaithubutisha dhiki ya mtu kwa mashahidi waijuao siri yake, wakaenda kwa mwia na fedha taslimu, aghalabu mwia hupunguza sehemu kubwa ya deni kwa kupata iliyobaki mara moja. Hiyo ni khabari ya Kaabu tena, mkono wa kuashiria nusu ukiwa ni wa watu wa mtaa.

Limebaki jambo la mauti. Mtume s.a.w. alijizuia kumswalia maiti aliyeacha deni la dinari chache pasina cha kulilipia, mpaka Abu Qatada alipolichukua juu yake. Katika madhehebu, deni lenye muhula huwiva kwa kufa mdeni. Mafungu yaliyokuwa ya miaka minne huwa ya siku moja, nayo hutolewa katika mali iliyoachwa kabla ya wasia na kabla ya mirathi. Na hapo ndipo deni la benki, ambalo Kadhi hakuwa na neno nalo, linapoingia mbele ya Kadhi pamoja na mirathi. Kwa hiyo mdeni huiandika katika wasia wake: namba ya kesi, jina la korti, kiasi cha hukumu, na mafungu aliyokwisha kulipa, na risiti huzifunga pamoja, akamwonyesha mkewe au mwanawe mkubwa mahali zilipo.